Huyu mgombea ni mwana wa wapi? Viti vya bunge la jimbo Katanga tangu 1957

Kila uchaguzi unapokaribia, hapa Kasapa picha za wagombea zinajaa kwenye nguzo za umeme, toka upande wa chuo kikuu mpaka kule kwenye gereza. Watu wanasimama, wanasoma jina, wanasoma namba, kisha wanaulizana swali moja fupi: huyu ni mwana wa wapi? Barabara, maji, shule, yote hayo yanakuja nyuma. Kwanza baba yake ametoka wapi, na mama yake je.

Sheria ya uchaguzi ya Congo haiulizi swali hilo. Anayetaka kuwa mbunge wa jimbo anaombwa uraia, umri, makaratasi na pesa za kuweka dhamana. Hakuna mahali sheria inaposema mbunge wa Haut-Katanga awe amezaliwa na mtu wa Haut-Katanga. Hata hivyo swali hilo ndilo limeandika historia ya bunge letu la jimbo kwa zaidi ya miaka sitini, na mara tatu limewatoa watu nyumbani kwao. Ndiyo maana ninataka tulifuate tangu mwanzo, hasa kwa ajili ya familia zilizokimbia ambazo leo zinaishi kati yetu.

Tuanze na Desemba 1957. Wabelgiji waliruhusu kura ya kwanza katika miji mitatu: Léopoldville, Jadotville (leo Likasi) na Élisabethville, ambayo ni Lubumbashi yetu. Haikuwa kura ya jimbo, ilikuwa ya komini tu, na waliopiga walikuwa wanaume peke yao. Lakini kwa mara ya kwanza Mwafrika wa Kenya, wa Katuba, wa Ruashi au wa Kamalondo (wakati ule komini Albert) aliweza kumchagua Mwafrika mwenzake. Matokeo yalipotoka, wengi waliopata nafasi kubwa walikuwa watu waliotoka nje ya Katanga, na hasa wana wa Kasai.

Hapo hapakuwa na uchawi. Union Minière na kampuni ya reli zilikuwa zimeleta wafanyakazi kutoka Kasai tangu muda mrefu. Wengi wao walikuwa wamesoma kwa wamisionari, wakawa makarani, walimu na wasimamizi. Walikuwa wakikaa mjini, na kura ilikuwa ya mjini. Mtu wa Kapanga au wa Kasenga aliyebaki kijijini hakupiga kura siku ile. Mimi naona kosa la kwanza liko hapo, na ni la Mbelgiji: aliwapa watu wa mijini kura, akawaacha wa vijijini, kisha akashangaa kwamba walioachwa wamekasirika.

Hasira hiyo ilizaa chama. Mwezi wa Oktoba 1958 viongozi wa makabila ya Katanga walianzisha Conakat. Rais wake wa kwanza alikuwa Godefroid Munongo, mjukuu wa M'siri wa Bunkeya. Mwaka uliofuata nafasi hiyo ilichukuliwa na Moïse Tshombe, mwana wa Musumba. Neno lao lilikuwa kwamba Katanga iongozwe na watu wa Katanga wenyewe. Mwanzoni hata Jason Sendwe na Baluba wa kaskazini walikuwa pamoja nao, lakini Novemba 1959 Balubakat ilitoka. Ilijiunga na Atcar ya Watshokwe na Fedeka ya wana wa Kasai, wakafanya Cartel. Sasa angalieni: Sendwe alikuwa mwana wa Katanga sawa na Tshombe. Jibu la swali letu lilikuwa tayari limeanza kugawanya hata wale waliokuwa wakisema "sisi".

Mei 1960 ukafika uchaguzi wa kwanza wa kweli wa bunge la jimbo. Viti vya kuchaguliwa vilikuwa 60. Conakat ilipata 25, Cartel ikafuata kwa karibu sana, na vilivyobaki vilikuwa vya vyama vidogo na vya watu waliosimama peke yao. Hakuna aliyepata nusu. Wakati huo mama zetu hawakuwa na kura bado. Haki hiyo waliipata mwaka 1967, na ukisikia mtu anasema "Wakatanga walichagua mwaka 1960", ujue anasema wanaume walichagua.

Kilichofuata mwezi wa Juni, vijana wengi hawajakisikia. Sheria ya msingi ambayo Ubelgiji ilitupa ilisema bunge la jimbo haliwezi kuchagua serikali kama theluthi mbili za wabunge hawamo ukumbini. Cartel ilikuwa inalalamikia matokeo ya sehemu fulani, na wabunge wake wakatoka nje. Bila wao, hesabu haikutimia. Conakat haikuweza kufanya kitu. Njia ya kawaida ingekuwa kukaa, kuzungumza, kugawana vyeo. Badala yake bunge la Brussels, katikati ya Juni, lilibadilisha sheria ili bunge la jimbo liendelee hata kama wengine hawapo. Tarehe 16 Juni 1960 Tshombe akachaguliwa rais wa serikali ya jimbo, na serikali yake haikuwa na nafasi kwa upande wa Sendwe. Wiki mbili baadaye ukaja uhuru. Tarehe 11 Julai Tshombe akatangaza kwamba Katanga imejitenga na Congo.

Kujitenga kwenyewe kumeandikwa sana, na sitakurudia. Ila watu husema kulitoka kwenye madini na kwa askari wa Ubelgiji, na ni kweli, lakini mlango ulifunguliwa ndani ya bunge la jimbo, na viti vichache tu. Karibu nusu ya wachaguzi waliambiwa kwamba kura zao hazihitajiki. Kaskazini, Baluba wakashika silaha. Hapa mjini, kuanzia Agosti na Septemba 1961, makumi ya maelfu ya Baluba na wana wa Kasai wakakimbilia karibu na askari wa Umoja wa Mataifa. Kambi yao ilikuwa kubwa kuliko miji mingi ya Congo ya wakati ule. Walikaa humo mpaka mwaka 1962, kisha wengi wakapelekwa kwa treni Kasai na kaskazini ya Katanga. Watoto waliozaliwa katika kambi ile leo ni wazee wa miaka sitini na kitu. Kama kuna mzee wa namna hiyo katika lupango lenu, mketini naye kabla hajaondoka.

Ya Mobutu nayapita haraka. Alichukua utawala Novemba 1965, majimbo yakapoteza nguvu, Katanga ikaitwa Shaba, na aliyesimama kugombea alisimama kwa jina la MPR. Liwali aliteuliwa Kinshasa, na kwa desturi alikuwa mtu wa jimbo lingine, apangwe Shaba leo na kesho apelekwe Équateur. Mobutu alifikiri kwamba kwa kuwachanganya watu hivyo swali la "mwana wa wapi" litakufa. Halikufa. Lilikaa kimya likiota mizizi.

Lilitoka tena mwishoni mwa 1991, Gabriel Kyungu wa Kumwanza alipofanywa liwali. Alikuwa mtu wa UFERI, chama cha Nguza Karl-i-Bond, na mwana wa Katanga. Watu wengi walimpokea kwa furaha, kwa sababu walikuwa wamechoka na maliwali wa kutumwa. Kisha Agosti 1992, Mkutano Mkuu wa Taifa ukamchagua Étienne Tshisekedi, mwana wa Kasai, kuwa waziri mkuu mahali pa Nguza. Katika siku zile wana wa Kasai waliitwa bilulu, wadudu, mbele ya watu, bila aibu. Likasi ikaanza, Kolwezi ikafuata mwaka 1993. Nyumba zilichukuliwa, watu wakapigwa, wengine wakauawa. Familia zilijazana kwenye stesheni ya Likasi, zikalala hapo kwa miezi zikingojea treni ya kwenda Mwene-Ditu na Kananga. Wengi wao hawakuwa wameiona Kasai hata siku moja. Walizaliwa hapa, walikuwa wanasema Kiswahili cha hapa, na baba zao walikuwa wamestaafu Gécamines.

Hakukuwa na kura ya jimbo katika habari hiyo, na hiyo ndiyo sehemu inayoniumiza zaidi. Mwaka 1957 na 1960 angalau watu waligombania viti. Mwaka 1992 watu walifukuzwa kwa sababu ya uchaguzi ambao haujafanyika, kwa hofu ya hesabu ambayo ingekuja siku moja.

Hesabu ilikuja mwaka 2006. Katiba ya 18 Februari 2006 ilirudisha bunge la jimbo na kulipa kazi kubwa: wabunge wa jimbo ndio wanaomchagua liwali, na ndio wanaochagua maseneta. Mwananchi hamchagui liwali yeye mwenyewe. Anachagua mbunge, na mbunge anaenda kuchagua. Tarehe 29 Oktoba 2006, siku ile ile ya duru ya pili kati ya Joseph Kabila na Jean-Pierre Bemba, tulichagua wabunge wa jimbo la Katanga. Januari 2007 wabunge hao wakampa Moïse Katumbi kura 94 kati ya 102, akawa liwali wa kwanza wa Katanga kuchaguliwa hivyo. Na rais wa bunge lenyewe alikuwa nani? Kyungu wa Kumwanza, safari hii kwa kura. Kuna waliokubali, kuna waliolia. Amekufa mwaka 2021, na hata maziko yake yalizungumzwa kwa sauti mbili katika mji huu.

Njia hii ya kumchagua liwali ina ubaya wake, tuseme wazi. Watu wachache ukumbini ni rahisi kuwafuata mmoja mmoja usiku na bahasha. Mwanzoni mwa 2007, huko Bas-Congo, matokeo ya kura ya liwali yaliwatoa watu barabarani na wengi wakauawa na askari. Kwetu hapa hatujafika huko, lakini maneno juu ya bei ya kura ya mbunge yanasikika kila mara kura ya liwali inapofika. Kwa hiyo ukimchagua mbunge wa jimbo, muulize hivi pia: siku ya kumchagua liwali, wewe utakuwa upande wa nani, na utatuambia?

Wabunge wale wa 2006 walichaguliwa kwa miaka mitano. Walikaa kumi na miwili. Uchaguzi wa jimbo haukufanyika mwaka 2011, wala baadaye, mpaka Desemba 2018. Katikati, mwaka 2015, Katanga ikakatwa vipande vinne: Haut-Katanga, Lualaba, Haut-Lomami na Tanganyika. Wabunge wakagawanywa kila mmoja kwa upande alikochaguliwa, kama vile watoto wanavyogawanywa wazazi wanapoachana. Mtu aliyekuwa mwana wa Katanga kwa pande zote akajikuta Lubumbashi anaitwa mtu wa Haut-Lomami au wa Tanganyika. Swali letu limepata majibu mapya, na yale ya zamani hayajafutika.

Katumbi naye limemfikia. Baba yake alikuwa Myahudi wa Ugiriki, mama yake ni wa upande wa Kazembe. Mwaka 2021 ukaletwa Kinshasa mswada, unaoitwa kwa jina la Noël Tshiani, wa kufunga kiti cha urais kwa mtu ambaye baba na mama wote si Wacongo. Watu wengi hapa waliona kwamba mswada huo unamlenga yeye. Kwa hiyo Lubumbashi, ambako zamani tuliwauliza wengine "baba yako wa wapi?", tulisikia tunaulizwa sisi. Haikutufurahisha.

Sasa nije kwa jambo la familia zilizokimbia, na hapa Kasapa ina sehemu yake. Tarehe 7 Septemba 2011, chini ya miezi mitatu kabla ya uchaguzi wa rais, watu wenye silaha walishambulia gereza la Kasapa na wafungwa karibu elfu moja wakatoroka. Mmoja wao alikuwa Gédéon Kyungu Mutanga, aliyekuwa amehukumiwa kwa mauaji ya Mitwaba na kando yake. Baada ya hapo kundi la Bakata Katanga likaongezeka nguvu, likidai Katanga ikatwe na Congo. Kati ya Manono, Mitwaba na Pweto watu walipaita pembe tatu ya kifo. Vijiji vilichomwa, mihogo ikabaki mashambani, na kufikia mwisho wa 2013 Umoja wa Mataifa ulihesabu karibu watu 400,000 waliokimbia ndani ya Katanga. Wengine walikuja Lubumbashi kwa ndugu, wakaanza kuuza makala na kulima vipande vya udongo pembeni ya mji. Wengine wako hapa hadi leo.

Hawa nao walitoka kwa sababu ya maneno juu ya nani mwenye Katanga. Lakini kuna hasara ya pili ambayo haizungumzwi. Nchini mwetu viti vya bunge vinagawanywa kwa hesabu ya wachaguzi walioandikishwa, si kwa hesabu ya wakaaji wote. Bunge la Haut-Katanga lina viti 48, pamoja na vile vichache vya machifu wanaoingizwa bila kura ya watu. Viti vya kuchaguliwa vinagawanywa kati ya Lubumbashi, Likasi na teritwari sita: Kambove, Kasenga, Kipushi, Mitwaba, Pweto na Sakania. Palipo na kadi nyingi za mchaguzi, viti vinaongezeka. Palipo na kadi chache, vinapungua. Mtu wa Mitwaba aliyeandikishwa hapa ameongeza uzito wa Lubumbashi na kupunguza wa Mitwaba, hata kama hakuna aliyemwambia. Na siku ya kura, kwenye mashine atakuta majina ya wagombea wa Lubumbashi tu. Yule anayeahidi kutengeneza barabara ya kwao hatamwona.

Si mambo ya Congo peke yake. Ndugu zetu waliopelekwa Australia wanajua kwamba huko kila jimbo lina bunge lake, na kiongozi wa serikali ya jimbo anatoka kwa wabunge wenye wingi. Maeneo ya uchaguzi yanachorwa upya kila baada ya muda kwa kufuata hesabu ya walioandikishwa, ili kura ya mtu mmoja isizidi sana ya mwingine. Tofauti ni kwamba huko kupiga kura ni lazima, na asiyeenda bila sababu anatozwa faini. Mgombea hawezi kusema "wale hawapigi kura, tuwaache." Huku kwetu anaweza, na kwa watu waliokimbia ndivyo inavyofanyika.

Uchaguzi wa mwisho ulikuwa wa 20 Desemba 2023. Katika Masisi, Rutshuru na Kwamouth haukufanyika kabisa kwa sababu ya vita, na hivyo tuliona wazi namna ukimbizi unavyoweza kumeza kiti kizima. Januari 5, 2024, CENI ilifuta wagombea 82 kwa wizi wa kura, kwa kushika mashine za kupigia kura kinyume cha sheria na kwa vurugu. Mfumo ni wa orodha: kura yako inaenda kwa mgombea na kwa orodha yake pamoja, na orodha isiyofikisha asilimia 3 katika jimbo haipati kiti. Kwa hiyo yule "mwana wa kwetu" mliyempigia kura kwa sababu ya jina lake anaweza kuanguka akiwa na kura nyingi, kwa kuwa chama chake hakina nguvu kwingine, na kura zenu zinapotea naye. Wengi walilielewa jambo hilo baada ya matokeo.

Kama kalenda itaheshimiwa, uchaguzi mwingine utakuwa 2028, na kabla yake vituo vya kuandikisha vitafunguliwa tena kama mwanzoni mwa 2023. Familia za Mitwaba na Pweto zilizo hapa Kasapa zina jambo la kuamua mapema, kila moja kwa hali yake. Anayejua kwamba hatarudi, na ambaye watoto wake wanasoma hapa, aandikishwe hapa na awaulize wagombea wa Lubumbashi juu ya maji na vipande vya udongo pembeni ya mji, maana yeye ni mchaguzi wao sawa na mzaliwa wa Kamalondo. Anayejiandaa kurudi afanye hesabu ya safari, na kama njia iko salama, aandikishwe kwao. Mkiandikishwa, hifadhini kadi mahali pakavu, na mkumbuke jina la kituo: ndipo mtakapopigia kura.